Abiria sita wa Kariakoo, kuanzia afadhali hadi kiboko

Kila dereva teksi wa Mnazi Mmoja ana orodha yake. Hii ni yangu, na nimeipanga kwa haki. Ukipinga, njoo na hoja.

6. Nusu Bei. Akitajiwa elfu thelathini hadi stendi ya Mbezi, anataja kumi na tano bila kupepesa. Ukikataa, anatishia kwenda Gerezani kupanda mwendokasi. Hukumu: hana kosa. Nani hununua kitu Kariakoo kwa bei ya kwanza?

5. "Nipo hapa hapa." Tangu Uber ije Dar mwaka 2016, huyu ameongezeka. "Nipo Mnazi Mmoja." Upande wa hospitali? Shule? Mnara wa Mwenge? "Hapa hapa, kaka, huoni nimevaa shati la bluu?" Hukumu: shati la bluu si anwani.

4. Noti ya elfu kumi. Safari ya elfu tatu, saa moja asubuhi, chenji sina. Hukumu: kadi ya njano.

3. Mjuaji wa njia. "Kata hapo, tokea Uhuru, chomoka Lumumba." Mkinasa kwenye foleni, ananyamaza na kuchezea simu. Hukumu: akae kiti cha nyuma.

2. Shabiki. Hajauliza nauli, kashauliza timu. Na ni hatari, maana makao ya Simba yako Mtaa wa Msimbazi na ya Yanga yako Jangwani, mwendo mfupi tu. Yanga ya 1935, Simba ya 1936, na ubishi bado wa moto. Dereva mwenye akili hujibu, "Mimi Coastal Union." Hukumu: hapo amani imepatikana, nauli imepona.

1. "Kimzigo kidogo tu." Huyu ndiye bingwa, tena bila mpinzani. Anapatana bei akiwa mikono mitupu, mpole, anakuita bosi. Mkishakubaliana anapiga mluzi, na kutoka Mtaa wa Kongo linaibuka toroli: marobota mawili ya mitumba, katoni ya sufuria na zulia lililokunjwa. Zulia linapita katikati ya viti hadi kwenye dashibodi. Buti linakataa kufunga, linafungwa kwa kamba. Gari limekaa chini nyuma, pua juu, na yeye anauliza kwa upole, "Kuna nafasi ya shangazi?" Hukumu: alipe mara mbili, na shangazi apewe kiti cha mbele.

Wewe wako namba moja ni nani? Bisha, lakini kwanza taja mzigo wako kabla ya kupatana bei.