Mlango wa Mwaka 9586

"Shikamoo, Mzee wa 9568."

Ndivyo nilivyoamkiwa leo alfajiri hapa Chapwa na binti anayeuza chapati kando ya barabara ya Mbeya, mbele ya madereva watatu wa malori waliokuwa wakisubiri chai. Nikaitikia marahaba, maana salamu ni salamu. Dereva mmoja Mkongomani akauliza hiyo namba ni ya lori au ya simu, na binti, huku anageuza chapati, akamsimulia kisa chote tangu mwanzo. Alikisimulia vizuri kuliko ninavyokisimulia mimi. Nikaondoka bila chapati.

Wiki tatu tu zimepita. Ilikuwa Venice, kwenye kisiwa cha San Lazzaro, ambako binti wa dada yangu anayesoma Padova alinipeleka kuona urithi wa Waarmenia. Mimi nilitaka kuona bandari. "Mjomba," akaniambia, "bandari si ipo Dar? Twende kwa watawa, wana vitabu." Basi tukapanda boti ya abiria namba 20 pale San Zaccaria, na muda si mrefu tukashushwa kwenye kisiwa kidogo ambacho ukipiga kelele upande huu, wa upande wa pili wanakuitikia.

Zamani wenye ukoma walitengwa huko, ndiyo maana kikaitwa kwa jina la Lazaro. Mwaka 1717 serikali ya Venice ilimpa kisiwa hicho mtawa Mwarmenia, Mkhitar wa Sebastia, aliyekuwa amefika 1715 na wenzake kutoka Methoni, Ugiriki, vita vya Waturuki vikiwa nyuma yao. Watawa wake wapo hadi leo, na ni mmoja wao aliyetupokea: kijana, mpole, mwenye subira ambayo hakujua kwamba ataihitaji.

Sasa nifuatilie taratibu, maana hapa ndipo nilipopotea. Mnamo mwaka 405 Mesrop Mashtots aliwabunia Waarmenia herufi 36, wapate kuisoma Biblia kwa lugha yao wenyewe. Mbili ziliongezwa karne nyingi baadaye, hizo tuziache. Zichukue hizo 36 uzipange safu nne, kila safu herufi tisa. Safu ya kwanza ni moja hadi tisa. Ya pili ni kumi, ishirini, hadi tisini. Ya tatu ni mia hadi mia tisa. Ya nne ni elfu moja hadi elfu tisa. Sifuri hakuna, na wala haina kazi. Ukitaka namba, unachota herufi kwenye safu unazozihitaji, unajumlisha, basi. Halafu kalenda yao ya zamani inaanza mwaka 552, kwa hiyo mwaka wao ukiuongezea 551 unapata wa kwetu. Huo mwaka 1717 kwao ni 1166: herufi ya elfu, ya mia, ya sitini, ya sita. Herufi nne zimebeba mwaka mzima, na bado unaweza kuzisoma kwa sauti kama neno!

Watu wa Pwani watasema hilo si geni, ni abjadi tu: alifu moja, be mbili, jimu tatu, hadi ghaini elfu moja, hesabu ile ile ya wapiga falaki wanaojumlisha jina lako na la mama yako kabla ya kukwambia kwa nini biashara haiendi. Sawa. Mimi, mtoa mizigo wa forodhani, niliwaza makontena. Namba ya kontena ina herufi nne na tarakimu saba, na ile ya saba kazi yake ni kumuumbua anayekosea. Kila herufi ina thamani yake: A ni 10, B ni 12, maana 11 inarukwa makusudi, na 22 na 33 vilevile. Ya kwanza unaizidisha kwa moja, ya pili kwa mbili, ya tatu kwa nne, unakwenda ukiongeza maradufu hadi tarakimu ya mwisho kabla ya hiyo ya saba. Unajumlisha, unagawa kwa 11, na kinachobaki ndicho tarakimu ya saba. (Ikibaki kumi, unaandika sifuri.) Ukikosea herufi moja kwenye nyaraka, mfumo unakukatalia na lori linalala hapa Chapwa na dereva wake. Miaka yote nimedhani huo ni ukorofi wa watu wa meli. Kumbe herufi zimekuwa zikifanya kazi ya namba tangu kale, na mimi nilikuwa ndani ya ukoo bila kujua.

Mtawa akaendelea na habari za Byron, mshairi Mwingereza aliyefika pale mwishoni mwa 1816 kujifunza Kiarmenia, na za mtambo wa kuchapa ulioanza 1789 ukaja kutoa vitabu kwa lugha zaidi ya 30. Sikumsikia. Nilikuwa na karatasi yenye jedwali la herufi, natafuta cha kusoma, kama mtoto wa darasa la kwanza anayesoma kila bango la barabarani.

Mwisho wa ukumbi kulikuwa na mlango, na juu yake kibao chenye herufi tatu. Ya kwanza kama kiti kilichopinduliwa. Ya pili ilikuwa L kabisa, L ya lori. Ya tatu kama P iliyopigwa msalaba mguuni. Nikazitafuta kwenye jedwali: tano, thelathini, elfu tisa. Jumla 9,035. Nikaongeza 551. Ikaja 9586.

Mtu mwenye akili zake angeishuku hesabu. Mimi niliishuku dunia. Nikajiambia, hawa ni watawa, wamekesha na vitabu karne kwa karne. Kama kuna watu waliopiga hesabu ya kiama wakaipata, ni hawa, na kwa unyenyekevu wao wameiandika juu ya mlango bila kusumbua mtu. Nikanyoosha mkono.

"Mjomba, subiri kwanza," binti wa dada akaninong'oneza.

Sikusubiri. Kwa Kiingereza changu cha forodhani, na kwa sauti ya mtu aliyezoea kushindana na injini, nikauliza: "Padri, huo mwaka 9586 ulioandikwa pale mlangoni, ndio mwisho wa dunia?"

Mtawa akautazama mlango. Akanitazama mimi. Akautazama mlango tena.

"Hapana," akasema. "Ni njia ya kutokea."

Neno lile la mlangoni linasomwa yelk. Akaongeza, kwa upole ambao ulinimaliza kabisa, kwamba herufi zinaweza kuwa namba, lakini mara nyingi huwa ni herufi tu. Mzee mmoja wa Marseille, Mwarmenia kwa asili, alicheka mpaka akakalia kiti tulichokatazwa kukigusa. Kabla boti haijaturudia, sauti ya binti wa dada yangu, inayokatikakatika kwa kicheko, ilikuwa imeshafika kwenye kundi la WhatsApp la ukoo. Kutoka kwenye ukoo hadi kwa muuza chapati ni mwendo wa dakika nne.

Nilicheka nao. Kisha kicheko kikanikaukia, na hapa mnivumilie. Kutoka! Neno hilo hilo ndilo lililonigharimu mwaka mzima. Ombi langu la kwanza la viza lilikataliwa. Nilisafiri zaidi ya kilomita 900 hadi Dar es Salaam na taarifa za benki, hati ya kiwanja, leseni ya biashara, cheti cha ndoa na barua ya mwenyekiti wa mtaa. Mke mwenyewe ningemwambatanisha kama bahasha ingemtosha. Nikajibiwa kwa fomu ya visanduku, na kisanduku kimoja kimetiwa alama: ipo shaka kama mwombaji atatoka kabla viza yake haijaisha. Mimi! Mtu anayekula kwa kutoa mizigo! Nani alikuja Chapwa akaona hakuna cha kumrudisha mtu? Kuna nyumba, kuna mahindi shambani, kuna wateja wanaonidai. Euro 90 za maombi hazikurudi. Zile hakuna aliyeuliza kama zitatoka.

Nilimweleza hayo mzee wa Marseille alipomaliza kufuta machozi, naye akanyamaza. Babake, akasema, aliingia Ufaransa akiwa yatima wa mauaji ya kimbari ya 1915, mkononi ana pasipoti ya Nansen, karatasi iliyoanza 1922 kwa wakimbizi wa Urusi ikafikishwa kwa Waarmenia 1924. Ilikuwa pasipoti ya watu wasio na pa kurudi, na waliipata kwa sababu hiyo hiyo. Mimi nina pa kurudi, nimepathibitisha kwa mihuri, na bado nilishukiwa. Mkhitar alipewa kisiwa. Mimi, ombi la pili lilipokubaliwa, nilipewa siku 12.

Mengine ya safari hayana uzito. Mbele ya maiti ya Mmisri wa kale, iliyotumwa kisiwani 1825 kama zawadi na Boghos Bey, Mwarmenia aliyekuwa waziri huko Misri, nilivua kofia nikasema "poleni na msiba". Nilipotozwa faini botini wakati wa kurudi kwa kutogonga tiketi kwenye mashine, mimi ninayeishi kwa mihuri, binti wa dada aliangalia pembeni. Jemu ya maua ya waridi ya watawa ilibaki uwanja wa ndege kwa kosa la kuwa kimiminika.

Jedwali ninalo bado, nimelibandika ofisini chini ya kalenda. Chapwa kwa herufi zao, W nikiiazimia V, ni 4,502. Jioni hii nitapita kwa binti wa chapati kulipa deni la wiki, na nina ombi moja kwake na kwa kijiwe kizima: ni 9586, siyo 9568. Tarakimu zikipishana hivyo kwenye kontena, mzigo hautoki.