Luku ya Kelele

Nyumba tunayopanga ina vyumba vinavyotazamana, korido katikati, na uani kuna bomba, kamba za nguo na jogoo wa baba mwenye nyumba. Umeme hatuugombanii tena tangu kila chumba kifungiwe mita yake ya Luku. Ugomvi uliobaki ulikuwa wa kelele. Na kwa kuwa mzee mwenye nyumba hapati usingizi akijua kuna kitu kinatumika bure, akaamua kelele nazo zifungiwe mita.

Mtambo aliuunda mpwa wake, kijana anayesomea elektroniki chuoni. Ni kopo la siagi lililotobolewa, ndani mna maikrofoni na memori kadi, mbele kioo cha tarakimu nyekundu. Wakalitundika koridoni, pale karibu na mlango mkubwa ambapo ndipo pekee simu zinapokamata mtandao. Kijana akatukusanya, akatueleza, na alieleza vizuri kuliko walimu wangu wote wa fizikia. Sauti ni hewa inayotikisika. Mtikisiko unasukuma utando mwembamba ndani ya maikrofoni, utando unazalisha umeme kidogo unaopanda na kushuka, na kopo linauchungulia umeme huo mara 8,000 kwa sekunde, kila likichungulia linaandika namba. Kumbe simu nazo zimekuwa zikitufanyia hivyohivyo, mara 8,000 zilezile, sisi tukidhani tunaongea.

"Halafu?" akauliza mzee.

"Halafu namba zinapigiwa hesabu, mjomba, unapata desibeli. Maongezi ya kawaida ni kama 60."

"60 ni shilingi ngapi?"

Hapo ndipo shughuli ilipoanza, maana desibeli zina hesabu zake. Kutoka 60 hadi 70 nguvu ya sauti huongezeka mara kumi, ukifika 80 imeongezeka mara mia. Mzee alipolielewa hilo uso ulimng'aa: atakayefikisha 80 alipe mara mia ya mwenye 60! Tukaguna. Mama Pacha, ambaye wanawe hulia kwa zamu na usiku wa joto hulia kwa pamoja, akanyoosha mkono.

"Mwanangu, mmoja akilia ni ngapi?"

"Tuseme 80, mama."

"Wakilia wote wawili?"

"83."

"83? Siyo 160?"

"Sauti mbili zilizo sawa zinaongeza 3 tu, mama."

"Basi huyu wa pili ananilia karibu bure," akasema Mama Pacha, akamhamishia mtoto bega la pili. Mzee akamkodolea mpwa wake macho. Ada ya chuo alikuwa akimlipia yeye.

Tukaanza kuishi kwa namba. Jirani yetu anayekoroma alisoma 72 na badala ya kuona haya akawa anaitaja dukani. Vijana wakashindana kupiga chafya chini ya kopo. Wambea hawakupata shida yoyote, kwani umbea tangu zamani ni biashara ya 40 kushuka chini. Aliyeumia ni mimi. Zamani mke wangu akinigombeza kuhusu hela ya unga alipaza sauti, majirani wakaja kusuluhisha, nami nikaponea humo. Sasa ananisema kwa mnong'ono, meno yamebana, saa nzima, wala tarakimu hazitikisiki. Kopo linapima ukubwa wa sauti. Ukali wa maneno haliujui kabisa, na nisingependa lije kuujua.

Aliyeongoza kwa namba, bila mpinzani, alikuwa jogoo. Alfajiri kioo kilipita 90. Tukauliza nani anamlipia, mzee akajibu kwamba jogoo si mpangaji. Kijana, kwa nia njema tu, akaongeza kwamba watafiti Ubelgiji waliwahi kumchunguza jogoo wakaona akifungua mdomo wote tundu la sikio lake hujifunga, kwa hiyo kelele zake hazimfikii zote.

"Hapo umenielimisha," akasema Mama Pacha, akimtazama aliyeshika bili.

Bili zilipogomewa, mzee akaitisha kikao cha Jumapili. Alitaka ushahidi wa wapiga kelele za usiku. Kijana akasema ushahidi upo, kwani namba zilizohifadhiwa zinaweza kugeuzwa tena kuwa sauti. Akatupa na kisa cha Mfaransa Édouard-Léon Scott de Martinville, ambaye mwaka 1860 mashine yake ilichora mitikisiko ya wimbo kwenye karatasi iliyopakwa masizi, bila njia ya kuusikia tena. Mwaka 2008 wataalamu wa Marekani waliigeuza michoro ile kuwa sauti, watu wakasikia binti akiimba. Baadaye ikagundulika kasi ilikuwa maradufu. Walipoipunguza, binti akawa mwanamume mtu mzima, na inaaminika ni Scott mwenyewe.

Tulicheka sana. Mzee alicheka kutushinda wote.

Kijana akabonyeza. Ikasikika bodaboda, mlango, kisha kisauti chembamba cha mtoto wa kike, kikiongea harakaharaka: "…hapana, bado sijawaambia… kodi lazima ipande… yule wa chumba cha mbele nitamtoa, nimweke shemeji…"

"Watoto wa jirani hao," akasema mzee. "Zima, tuendelee na ajenda."

Kijana ni mtaalamu kwelikweli, ila siasa za nyumba za kupanga hazijui. "Samahani, mjomba," akasema, "nimeweka 16,000 badala ya 8,000." Akarekebisha.

Sauti ikashuka, ikanenepa, ikakohoa kikohozi tunachokijua sote. Mama Pacha akaomba irudiwe, polepole zaidi ya hapo ikiwezekana, asikie vizuri kodi inapanda kuanzia mwezi gani.