Barua ya Wazi kwa Kenya Power: Maelezo Mafupi ya Kupotea kwa Stima Migori na Homa Bay

Kwa Mkurugenzi Mkuu,
Kenya Power, Stima Plaza,
Nairobi.

Kupotea kwa stima ni tukio la kujirudia katika kaunti za Migori na Homa Bay, ambapo nguvu isiyoonekana, iliyolipiwa kabla ya kutumiwa, huondoka kwenye nyaya bila kuaga na kurudi kwa wakati wake. Hutokea mvua ikinyesha. Hutokea pia jua likiwaka, jambo linaloonyesha kuwa mvua husingiziwa.

Dalili zake ni za kudumu. Taa huanza kuwa za manjano, friji hunguruma kwa taabu, halafu kila kitu hunyamaza. Baada ya hapo wenyeji hutoka nje kuchungulia kwa jirani. Jirani akiwa gizani, moyo hutulia, kwa sababu hilo ni giza la wote. Jirani akiwa na mwanga, basi tokeni zimeisha na lawama ni ya mwenye nyumba. Hatua hii ya kuchungulia haimo katika miongozo ya Kampuni, ingawa ndicho kipimo cha hitilafu kinachofanya kazi haraka zaidi Rongo, Awendo, Oyugis na Mbita.

Eneo hili lina historia ndefu ya vitu kutoweka. Gor Mahia, mganga wa Kanyamwa katika Ndhiwa ya leo, husimuliwa kuwa alijigeuza umbo mbele ya watu akawaponyoka. Huko Gwassi, Nyamgondho mwana wa Ombare alitajirishwa na mwanamke aliyemvua ziwani. Alipomtukana, mwanamke akarudi majini na ng'ombe wote wakamfuata. Kinachoitofautisha stima na visa hivyo ni kwamba Nyamgondho alikuwa amekosa. Mteja wa Karungu hupoteza mwanga bila kumtukana mtu, na matusi huja baadaye.

Sababu za kitaalamu zinafahamika. Mitambo mikubwa ya umeme wa nchi iko mbali, Olkaria na kwenye mabwawa ya mto Tana, na umeme ukisafiri mbali katika nyaya zilizolemewa hufika umechoka. Bonde la Ziwa Viktoria ni miongoni mwa sehemu zenye radi nyingi duniani. Miti huangukia nyaya, nguzo za mbao huoza, transfoma huungua. Laini ya kilovolti 132 kutoka Sondu kupitia Homa Bay na Ndhiwa hadi Awendo ilijengwa ili kupunguza adha hiyo. Hata hivyo laini kubwa huishia kwenye kituo. Kutoka hapo hadi kwa kinyozi wa Muhuru Bay ni nyaya ndogo, na huko ndiko stima hupendelea kupotelea.

Ipo pia aina ya kitaifa. Tarehe 7 Juni 2016 tumbili aliangukia transfoma katika kituo cha Gitaru, zaidi ya megawati 180 zikatoweka, na nchi nzima ikakaa gizani kwa saa kadhaa. Tumbili alinusurika. Usiku wa 25 Agosti 2023 giza liliingia hadi uwanja wa ndege wa Jomo Kenyatta, na mkurugenzi wa mamlaka ya viwanja vya ndege akapoteza kazi. Aina hii huandikwa sana magazetini kwa kuwa huifikia Nairobi. Giza la Migori halijulikani kumpotezea mtu kazi, isipokuwa fundi wa kuchomelea.

Linaloshangaza zaidi ni kwamba nguvu yenyewe huzalishwa papa hapa. Kituo cha Gogo kwenye mto Kuja, chenye megawati 2, kilijengwa miaka ya 1950 kwa ajili ya machimbo ya shaba ya Macalder. Machimbo yalifungwa, na mto ungali unatiririka. Mkulima wa Nyatike anayesikia maporomoko ya mto huo akiwa na koroboi mkononi anastahili maelezo kutoka kwa mtu mwenye shahada.

Hasara yake si ya kubuni. Samaki bila barafu hauzwi siku ya pili, na mnunuzi ufuoni anajua hivyo, kwa hiyo bei huteremka kabla jua halijatua. Kinu cha kusaga husimama na foleni ya madebe mlangoni. Zahanati huhesabu saa za friji ya chanjo. Wavuvi wa omena pekee hawajali sana, kwa sababu kazi yao hufanywa usiku usio na mbalamwezi, kwa taa wanazozibeba wenyewe. Wakati huohuo, kila tokeni inayonunuliwa hukatwa ushuru wa asilimia 5 wa kusambaza umeme vijijini, na makato hayo hayajawahi kupotea hata siku moja.

Kampuni inaombwa kufyeka miti kabla ya mvua za Machi badala ya baada yake, kubadilisha transfoma iliyoungua kabla kijiji hakijazoea, na kueleza kwa nini tangazo la kukatwa stima kuanzia saa tatu asubuhi ndiyo ahadi inayotimizwa kwa dakika. Majibu yaletwe kwa maandishi, mchana, wakati yanapoweza kusomwa.