Moyo Chini ya Sakafu

Katika nyumba yetu ya Ngamiani, Tanga, kila mtu ana hofu yake, na mimi nimejitwisha kazi ya kuitafutia kila hofu kitabu chake. Wako watu ambao wakiombwa kitabu cha kutisha huuliza kama unataka damu nyingi au kidogo. Mimi huanza kwa kumtazama mtu: usiku anafunga komeo mwenyewe au anamtuma mwingine, na akisikia kishindo uani anamwita nani kwanza. Wahenga walisema zimwi likujualo halikuli likakwisha. La kitabuni ni kinyume chake: likikujua ndipo likumalizapo.

Mjomba, kaka yake mama, ni mtu wa bandari. Ameshusha na kupakia katani tangu ujana wake, na ukimsimulia habari za majini anasinzia. Nilimchagulia Dracula ya Bram Stoker, ya mwaka 1897, iliyoundwa kwa barua, shajara na simu za maandishi, hata msomaji anajiona kama anapekua mafaili ya kesi. Mimi husoma Kiingereza kimyakimya kisha nasimulia kwa Kiswahili, sentensi kwa sentensi, watu wakiwa wamekaa mkekani. Kasri, majeneza na popo havikumshtua. "Huyo ni mumiani," alisema, akaendelea kutafuna karanga. Kizazi chake kililelewa na hofu hiyo. Enzi za ukoloni watu wa miji mingi ya Afrika Mashariki waliamini kwamba wazimamoto walikuwa wakiwakamata watu usiku na kuwanyonya damu, na mwanahistoria Luise White alizikusanya habari hizo katika kitabu alichokitoa mwaka 2000.

Lakini tulipofika kwenye meli ya Demeter, mjomba aliziweka karanga chini. Meli inatoka Varna, kwenye Bahari Nyeusi, na njiani mabaharia wanatoweka mmoja baada ya mwingine, mara nyingi zamu ya usiku. Inapoingia Whitby, Uingereza, hakuna aliye hai sitahani. Nahodha amekufa, mikono imefungwa kwenye usukani. Mjomba aliniomba nirudie ukurasa wa zamu. Alitaka kujua nani alikuwa juu na nani alikuwa chini, na kwa nini waliendelea kumpeleka mtu peke yake baada ya wa kwanza kupotea. Nikajua nimempata.

Bibi ni mgumu zaidi. Amezika watu wengi, na kwake mizimu ni jamaa wanaostahili adabu. Kinachomtisha ni binadamu wakikusanyika na kukubaliana. Kwake nilileta hadithi fupi ya Shirley Jackson, The Lottery, iliyochapishwa na The New Yorker mwaka 1948, na ambayo ilimletea mwandishi mamia ya barua, nyingi za hasira na mshangao. Wanakijiji wanakutana asubuhi ya jua zuri, wanapiga kura kama walivyorithi kwa wazee wao, na anayeangukiwa na kura wanampiga mawe. Bibi alisikiliza hadi mwisho, tasbihi mkononi. Hakuuliza sababu ya mila ile. Aliuliza, "Na mwanawe yule mdogo, naye walimpa jiwe?" Nikamjibu kwamba ndiyo, mtu alimpa vijiwe. Alitikisa kichwa, akaenda kulala, na kesho yake aliniagiza nimsimulie tena bila kuruka kitu.

Wifi yangu alikuja kwetu kama bi harusi kutoka Korogwe, akaingia nyumba yenye watu wengi na desturi zilizokwisha kukomaa bila yeye. Nilimpa The Haunting of Hill House, ya Jackson huyohuyo, ya mwaka 1959. Humo mwanamke mpweke anakaribishwa katika nyumba mbovu, na nyumba ile inamtaka kuliko anavyotakwa popote pengine. Kuna mahali anashika mkono wa mwenzake gizani, taa inapowaka anaona mwenzake alikuwa mbali, basi mkono alioushika haujulikani ulikuwa wa nani. Wifi hakusema mengi. Ila kwa muda alikuwa akiniomba niache mlango wazi baina ya chumba chake na changu.

Mama mdogo aliniomba "kile cha kutisha kweli" ambacho wengine wanakinong'ona: Pet Sematary ya Stephen King, ya mwaka 1983. Nilimkatalia. King mwenyewe alipoimaliza aliiweka kando kwanza, akiona amevuka mpaka, maana inahusu wazazi waliofiwa na mtoto na kile wanachokuwa tayari kukifanya. Mama mdogo amemzika mwanawe. Mwenye kupendekeza vitabu asiyeuliza habari za misiba ya mtu asimpe kitabu chochote cha giza, hata kiwe kizuri namna gani. Badala yake nilimpa Mzimu wa Watu wa Kale wa Muhammed Said Abdulla wa Zanzibar, ulioshinda shindano la uandishi la miaka ya 1957 na 1958 na kuchapishwa mwaka 1960. Maiti inakutwa mahali pa matambiko, na mpelelezi Bwana Msa anakaa na kiko chake, anafikiri. Kule kifo kina sababu, na sababu ina jina. Alikisoma, akanirudishia, akaomba Kisima cha Giningi, cha mwandishi huyohuyo.

Watoto wadogo sihitaji kuwanunulia kitu. Nawasimulia Sultani Majnuni na paka wake, habari iliyomo katika ngano za Unguja alizozichapisha Edward Steere mwaka 1870. Paka anakula ndama, sultani anasema paka ni wangu na ndama ni wangu. Anakula mbuzi, ngamia, anakula watu, hadi amekuwa nunda na amekula wana wa sultani mwenyewe. Sijaona hadithi ya kigeni inayomweleza mtoto vizuri zaidi jinsi jambo baya linavyolelewa nyumbani.

Aliyebaki alikuwa mtoto mkubwa wa kaka, wa kidato cha tatu. Huyu alitazama filamu za kutisha kwenye simu huku anakula, na alidai vitabu haviwezi kumtisha mtu kwa kuwa havina sauti. Basi nikamwekea Edgar Allan Poe, ile hadithi ya mwaka 1843 ya moyo unaodunda.

Usiku ule umeme ulikuwa umekatika. Tulikaa ukumbini baada ya isha, chemli katikati, na mama akachagua kusikiliza akiwa mlangoni kwake kwa sababu anasema hadithi hizi zinamwumiza tumbo. Nilianza polepole. Mtu anaishi na mzee, hana kinyongo naye, isipokuwa jicho moja la yule mzee, lenye utando, linamnyima raha. Usiku baada ya usiku anafungua mlango na kuchungulia. Mwishowe anamwua, anang'oa mbao za sakafu, anamlaza chini, anazirudisha zikalingana. Polisi wanakuja. Anawapa viti, na chake anakiweka juu kabisa ya pale alipoficha. Anaongea kwa uchangamfu. Kisha sikio lake linaanza kupata sauti ndogo, nzito, iliyofunikwa.

Du-du. Du-du.

Ilitoka chini ya mkeka.

"Shangazi, acha," alisema kijana. Niliinua mikono yote miwili aione. Du-du. Du-du. Wifi alimbeba kitindamimba aliyekuwa amelala akatoka naye barazani. Bibi alianza Ayatul Kursi kwa sauti ya juu. Mjomba alipiga magoti, akaweka sikio sakafuni, akasogea, akasikiliza tena, akasema, "Ni hapa." Sauti iliongeza kasi, kama vile ilivyoongeza kasi kitabuni, na hapo hata mama aliyekuwa mlangoni alikuja kukaa karibu na bibi.

Mpangaji wetu, mwalimu wa hisabati, alitoka chumbani akiwa na msuli na tochi. "Bomba hilo," alisema. "Maji yanaingia." Hakuna aliyemjali. Hadithi ilikuwa imekwisha kutuambia kilichomo chini ya sakafu, na mtu aliyeambiwa namna ile, kwa mwanga wa chemli, haombi maelezo mengine. Mjomba alichukua mtaimbo nyuma ya mlango. Mama alipiga ukelele asiguse saruji yake. Akaigusa. Akaigusa tena, saruji ikapasuka, na pigo lililofuata likaingia kwenye bomba.

Maji yaliruka hadi kwenye kenchi. Chemli ilizimika. Katika giza lile kila mtu alimwita mwenzake kwa jina, na majirani waliosikia kelele walikuja na marungu wakidhani tumevamiwa. Mmoja wao, Mungu amjalie, aliuliza mita iko wapi badala ya kuuliza mwizi yuko wapi, akafunga koki ya nje. Tochi zilipokusanyika tuliona ukumbi umekuwa dimbwi. Mkeka unaelea, gunia la mchele limelowa nusu, godoro la wageni limekunywa maji hadi haliinuliki, na kreti la vitabu vyangu, lililokuwa chini pembeni, limejaa maji pomoni.

Tulivitoa usiku uleule. Dracula ilikuwa imevimba ikawa nene maradufu. Asubuhi mama mdogo alitaka kuvianika juani pamoja na mchele, nikamzuia, maana jua kali huikausha gundi ya mgongo ikapasuka na kurasa zikajikunja. Kitabu kilicholowa kinataka kivuli na upepo, kisimamishwe wima kurasa zikiwa zimefunguka kidogo, na kila baada ya muda uzitenganishe kwa vidole pasipo kulazimisha. Wifi alizipokea kurasa za Hill House, akazifanyia kazi ile kutwa nzima, na hakuna hata moja iliyochanika.

Fundi bomba alikuja akashika kiuno, akatazama shimo la mjomba, akapanda kwenye kichanja cha tangi uani. Huko ndiko kulikokuwa na moyo. Koki ya boya ilikuwa imechakaa. Mtaani kwetu maji hutoka usiku, na yakitoka yanasukuma hewa mbele yake. Tangi likikaribia kujaa, mawimbi madogo yanalipandisha na kulishusha boya, koki inafunga na kufungua upesi upesi, na kila ikifunga maji yaliyokuwa yakikimbia yanagonga ukuta yakarudi nyuma. Bomba lililopita chini ya ukumbi halikuwa limebanwa mahali popote, kwa hiyo kila pigo lilifika sakafuni. Alituonyesha kiungo kimoja kilichokuwa kimeanza kuvuja maji chini ya chumba cha bibi. Alisema kwa mapigo yale kisingechukua muda mrefu kingeachia chenyewe.

Mama aliitisha kikao alasiri, sote tukiwa uani. Alitaka vitabu vitoke, vyote, viende kwa mtu yeyote atakayevipokea. Alikuwa na haki ya kukasirika, sakafu ile aliijenga kwa fedha za vitumbua. Nilimjibu kwa heshima, lakini sikurudi nyuma. Bomba lile lilikuwa likigonga siku nyingi. Mwalimu alikuwa akilisikia kila maji yalipotoka, na sisi tulikuwa tukilala juu yake. Tulihitaji hadithi itunyamazishe kwanza ndipo tusikie nyumba yetu wenyewe. Hilo ndilo ninalolitafuta ninapomchagulia mtu kitabu cha giza: kimfanye asikilize mahali anapokaa. Mtu aliyefumba macho kwa hofu hawezi kusikiliza, ndiyo maana namchagulia kila mmoja kwa kumjua.

Mama alikuwa bado hajajibu pale bibi alipoingilia. "Yule muuaji," alisema, "walimkamata?"

Hapo tukakumbuka kwamba hadithi haikuwa imekwisha. Tuliiachia kwenye kiti, polisi wamekaa, sauti inapanda. Nikaimaliza pale pale uani, mchana kweupe. Polisi hawasikii kitu, wanaendelea kuzungumza, na yeye anaamini wanasikia na wanamkejeli, hadi anapiga kelele kwamba zing'olewe mbao, maiti iko chini. Bibi alisema hakustahili kuitwa mjanja. Mjomba, mwenye saruji mikononi kwa kuwa alikuwa akiziba shimo lake, aliuliza moyo ule ulikuwa wa nani, wa mzee au wa muuaji, na mwalimu akasogeza kigoda, wakabishana. Mama alinyanyuka kwenda kupepeta mchele. Alitamka sharti moja, kwamba kisisomwe kitu ukumbini umeme ukikatika, na habari ya kuvitoa vitabu haikutajwa tena.

Jioni mtoto wa kaka alinifuata nikigeuza kurasa kivulini. Nilimwuliza kama sasa anakubali kwamba kitabu kina sauti. Akasema hakuogopa maiti. Aliogopa kwa sababu kwa kitambo kidogo, mjomba alipokuwa anachimba, aliamini kipo kitu, na alikuwa akitutazama mmoja mmoja akijiuliza ni nani kati yetu aliyekiweka. Aliniuliza kama ni vibaya kuwafikiria hivyo watu wa nyumbani. Nikamwambia si vibaya, na kwamba wapo waandishi waliowaza jambo hilohilo maisha yao yote.

Nilimtafutia Strange Case of Dr Jekyll and Mr Hyde ya Robert Louis Stevenson, ya mwaka 1886. Ni fupi, na anayeogopwa humo ana ufunguo wa mlango wa nyuma wa daktari anayeheshimiwa na kila mtu. Kiingereza chake kina mahali pagumu, kwa hiyo tunasoma pamoja barazani akitoka shule, na tumefika pale rafiki wa daktari anaposhindwa kuelewa kwa nini wasia umeandikwa kwa manufaa ya Hyde.