Hongera, Mheshimiwa Moshi

Mpanda tunajua kupongeza: wakuu waliohamia na waliohamishwa, timu zilizopanda daraja, hata viboko wa Mto Katuma ambao kazi yao ni kulala matopeni. Yuko mmoja tu anayechapa kazi bila kukabidhiwa cheti. Naye ni Moshi wa Zebaki, jirani yangu, kwa kuwa mnunuzi wa dhahabu huchomea nyuma ya ukuta wa chumba changu.

Nianze na usomi wake. Jabir bin Hayyan alifundisha kwamba metali huzaliwa na zebaki na kiberiti, na waliomfuata wakahangaika karne kwa karne kugeuza metali duni iwe dhahabu. Hata Isaac Newton aliingia mkumbo huo. Wote wakashindwa. Sisi tumeweza. Mawe ya Ibindi, Singililwa au Dirifu yanasagwa kwenye karasha, unga wake unachanganywa na zebaki ndani ya karai, zebaki inanasa punje za dhahabu, kisha inakamuliwa kwa kitambaa. Kinachobaki ni kidonge cheupe, kidogo kuliko ncha ya kidole gumba. Kijana anakiweka kwenye kijiko juu ya mkaa, anapepea kwa kipande cha boksi. Kimeingia cheupe, kinatoka cha njano. Newton angelia. Takriban nusu ya uzito wa kidonge imeshakuwa Mheshimiwa Moshi, naye huyo anaruka ukuta kuja kunijulia hali.

Fadhila yake kuu ni adabu. Moshi wa kuni hukutoa machozi mbele ya wakwe. Moshi wa tairi hutangaza umbea hadi mtaa wa pili. Huyu hana rangi wala harufu. Ule unaouona ni wa mkaa, mpambe wake tu. Hachafui pazia, hamkohozi mtoto, haharibu mboga jikoni. Utagombana naye vipi na hujui kama amefika? Ukimvuta, karibu asilimia 80 yake hubaki mwilini, maana kuondoka mapema ni kumvunjia heshima mwenyeji. Huko ndani anatoa zawadi zake kimyakimya, na kila moja huiandikisha jina la mwingine. Mikono ikitetemeka, tunasema pombe. Usingizi ukiruka, tunasema mawazo. Mtu akisahau jina la shemeji yake, ni uzee. Akianza kufoka bila sababu, ametumiwa kitu, apelekwe kwa mganga. Figo zikichoka, ni mapenzi ya Mungu. Mtumishi gani wa umma hufanya makubwa namna hiyo asiite hata mpiga picha?

Fadhila nyingine nizitaje kwa kupita. Hana ubaguzi: tajiri na kuku wa tajiri huvuta sawasawa. Hana uvivu: akipoa hutua juu ya bati na kwenye mchicha, na mvua ikimpeleka mtoni, vijidudu vya matopeni humgeuza sumu kali zaidi inayoishia kwenye samaki. Na hajawahi kudai posho.

Basi nikaenda kwenye ofisi moja kumwombea cheti, yaani kushtaki. Bwana mmoja akanisikiliza kwa upole, akaandika, akaniambia nilete sampuli ya moshi. Sampuli! Ya kitu kisichoonekana wala kunuswa! Niibebe kwenye nini, mfuko wa rambo? Rambo nao walishaupiga marufuku 2019. Mfuko wenyewe waliuona mara moja, kwa sababu unaonekana.

Hapo utani ukaniisha. Dhahabu ikifika soko la madini hupimwa kwa mzani wa umeme mpaka nukta ya mwisho, kisha serikali inachukua mrabaha wake, ambao sheria ya 2017 iliupandisha hadi asilimia 6. Vizuri, nchi ijengwe. Lakini sijaona mzani unaouliza nusu ya pili ya kidonge ilikwenda wapi. Mimi najua. Ilikwenda kwenye vifua vya watoto wa mtaani kwetu, na kwa yule kijana wa boksi, anayelipwa ujira wa siku huku tajiri amekaa mbali kidogo na jiko.

Wala si kwamba hatujaambiwa. Huko Minamata, Japani, kiwanda kilimwaga zebaki baharini, na 1956 ugonjwa wake ukatambuliwa rasmi. Mkataba wenye jina la mji huo ulipitishwa 2013, Tanzania ikauridhia 2020. Miongoni mwa mambo unayotaka yakomeshwe ni kuchoma kidonge hicho waziwazi na kukichomea kwenye makazi ya watu. Dawa yake ni ritoti: chungu cha chuma chenye kifuniko na bomba linalopozwa kwa maji, mvuke unarudi kuwa zebaki, unakusanywa, unatumika tena. Anayenunua dhahabu kwa fedha taslimu hashindwi kununua chungu.

Kwa hiyo, wakubwa zangu, Moshi msimwadhibu. Zebaki ikifika nyuzi joto 357 huchemka, haina hiari. Leseni ya kununua dhahabu ndiyo yenye hiari: huandikwa na mtu, huhuishwa na mtu. Andikeni humo sharti moja: asiye na ritoti, au anayechomea penye nyumba za watu, asinunue hata gramu.