Mwenye Nyumba wa Pembe Tatu: Mwongozo kwa Wapangaji Wake

Kinyonga wa Jackson akiingia nyumbani kwako, yeye ndiye mwenye nyumba. Wewe ni mpangaji, na kodi unalipa kwa nyenje. Asili yake ni nyanda za juu za Kenya na Mlima Meru, Tanzania, lakini siku hizi wengi wanafugwa sebuleni Ulaya na Marekani. Dume hubeba pembe tatu usoni. Hana maneno ya kukugombeza, kwa hiyo msome ngozi, macho na kinyesi.

Asubuhi akiwa mweusi, usishtuke: anaota taa, na weusi hunyonya joto upesi. Akishinda mweusi mchana kutwa, kuna jambo linamsumbua. Macho yakifumba mchana, si usingizi. Mpeleke kwa daktari wa wanyama anayewajua reptilia, leo hii. Macho yakididimia, ana kiu. Na ile sehemu nyeupe ya kinyesi, ambayo ndiyo mkojo wake, ikigeuka rangi ya chungwa, maji yamempungukia mno.

Bakuli la maji halimsaidii, maana yeye hunywa matone yanayoning'inia majanini. Nyunyizia mimea yake kila siku, bila haraka, mpaka anywe atosheke. Kiu na safari ndivyo vilivyowadhoofisha vinyonga walioingizwa Hawaii mwaka 1972: walifika Oahu wamekonda, mwenye duka la wanyama aliyewaagiza akawaachia uani wapate nafuu. Nafuu waliipata, wakatawanyika, na hadi leo wanazaliana huko.

Kizimba kiwe cha wavu, kirefu kwenda juu, chenye majani ya kujificha, na tawi la juu kabisa lizidi kichwa chako. Kinachomtazama kutoka juu, kwake ni ndege mla nyama. Kioo kiondoe: humo atamwona mpinzani asiyeondoka. Mchana apate nyuzi 21 hadi 27 za selsiasi na taa ya UVB kwa ajili ya mifupa. Usiku pawe na ubaridi kama wa mlimani kwao. Tena aishi peke yake. Usimletee mwenzake kwa kumhurumia, kwa sababu upweke haujui, ila bughudha anaijua vizuri sana.

Sharti gumu zaidi linahusu mikono yako. Akitulia kiganjani, usidhani amekupenda. Mara nyingi ameganda kwa hofu. Akiachama na kufoka, amekwisha kukufukuza, basi rudisha mkono. Wageni wakija na simu zao, wamtazame kwa mbali.

Ukiwa Kenya na ukamkuta kwenye ua wa michongoma, ujue hapo ndipo kwake, na kumfuga bila kibali ni kosa kisheria. Wapo watakaomwita mkosi na kuokota mawe. Simama mbele yao, umpe muda wa kuvuka. Na muda huo, nakuambia mapema, utakuwa mrefu.