Mganga wa Tanga yuko mlango wa tatu

Shangazi, wasalimie wote hapo Tanga, Barabara ya 12, na yule mzee wa kahawa anayewatangazia watu kwamba nimehamia Ulaya. Mwambie Ulaya hii ina sukuma wiki kila jioni. Sisi huku Donholm hatujambo, watoto wanasoma, mkweo anakoroma. Nimefurahi kusikia unakuja kututembelea kwa basi la kupitia Horohoro. Karibu sana. Lakini kabla hujakata tiketi, soma barua hii mpaka mwisho. Najua wewe huisoma kanga ya jirani hata kabla hajaifunga. Huku Nairobi hodari wa namna yako ndiye anayepotea mapema.

Tuanze na kushuka kwenye gari. Ukitoka mjini utaambiwa ushuke Caltex. Usihangaike kuitafuta Caltex, haipo. Total walinunua biashara hiyo ya mafuta nchini Kenya mwaka 2009, na ile nyota nyekundu ikashushwa. Makanga bado anaita Caltex, abiria wanaitika Caltex, na mtoto ambaye mwaka huo alikuwa hajazaliwa atakunyooshea kidole na kukwambia, "Caltex si ni hapo?" Ukiendelea na Outering Road kuna steji ya Taj Mall. Jengo hilo lilibomolewa Septemba 2018 hadi likawa kifusi, na watu wanaendelea kushuka Taj kila siku, tena kwa kusukumana.

Hata Donholm yenyewe ni hivyo hivyo. Doonholm ni mahali huko Ayrshire, Scotland, ambako baba yake mshairi Robert Burns alikuwa mtunza bustani. Mlowezi akaja na jina akalibandika kwenye shamba lake. Mlowezi akaenda, shamba likaenda, "o" moja nayo ikaenda. Barabara iliyokuwa Doonholm Road ikaitwa Jogoo Road, jogoo akiwa ndege wa KANU. Mwaka 2002 KANU ikatoka madarakani, na jogoo amebaki peke yake na foleni ya asubuhi. Kwa hiyo ukiuliza njia, usiulize kilichopo. Uliza kilichokuwepo.

Sasa magari. Ulipokwenda Dar ulizoea daladala: mstari wa rangi ubavuni unakwambia njia, basi, umemaliza. Huku kila matatu ina mstari wa njano, na mstari huo haukwambii unakwenda wapi. Ni masharti ya aliyekuwa waziri wa uchukuzi, marehemu John Michuki, yaliyoanza kutumika mwaka 2004 pamoja na mikanda ya viti, vidhibiti mwendo na sare za dereva na makanga. Michoro nayo ikapigwa marufuku. Magari yakanyamaza miaka kadhaa, mpaka Rais Uhuru Kenyatta alipowaruhusu vijana wachore tena mwaka 2014, na tangu hapo hayajafunga mdomo.

Majirani zetu wa Buruburu, njia namba 58, ndio wenye sifa. Gari likipambwa namna hiyo huitwa nganya. Shangazi, nganya ndiyo kanga ya wanaume wa Nairobi. Ina pindo, ina mji, na ina jina kwenye kioo cha nyuma lililoandikwa asome mtu fulani anayejijua. Juzi moja ilisimama mbele yetu kwenye foleni: msanii wa rapu anatoka chozi la dhahabu, pembeni yake nabii mwenye ndevu, chini yao mchezaji mpira wa Uingereza ambaye pua yake imechorwa na mtu mwenye haraka. Ndani taa za zambarau, muziki wa kutingisha meno, na mama mmoja wa makamo amekaa kiti cha dirishani na kabichi tatu mapajani, anaimba kila neno.

Bodi ikigongwa mara mbili ujue gari linaondoka, hata kama mguu wako mmoja bado uko chini. Ukiona madereva wanaotoka upande wa pili wanamulikiana taa mchana kweupe, polisi wako mbele, na ghafla kila mtu anatafuta mkanda. Lakini alama kubwa kuliko zote ni wingu. Likionekana wingu jeusi upande wa mjini, nauli inapanda kabla tone halijadondoka. Wataalamu wa hali ya hewa waje wajifunze kwa makanga wa Donholm.

Kwenye nguo nenda polepole. Mkweo, unavyomjua, Yanga damu. Jumapili moja akavaa jezi yake ya kijani na njano, akapanda matatu kwenda sokoni. Gari zima likakaa kimya. Kumbe kijani na njano huku ni UDA, chama cha Rais, chenye alama ya wilibaro. Na hii ilikuwa baada ya Juni 2024, vijana walipoandamana kupinga Mswada wa Fedha, wakaingia mpaka Bungeni tarehe 25, na Rais akakataa kuutia saini mswada wenyewe. Siku hizo Rais alikuwa amekwishapachikwa jina la Zakayo, yule mtoza ushuru wa kwenye Biblia aliyekuwa juu ya mti. Basi makanga akamtazama mkweo toka kola mpaka kiatu, akamwita Zakayo, akamwamuru ateremke. Mkweo akaanza kueleza habari za Jangwani na ubingwa wa Ligi Kuu. Abiria mmoja akamuuliza kama huo ubingwa nao umetozwa kodi. Alirudi nyumbani kwa miguu, jezi ameigeuza ndani nje.

Ukiona kijana amejitanda bendera ya taifa mabegani, hatoki mpirani. Bendera ikiwa kwenye mlingoti wa ofisi ni serikali. Ikiwa mabegani mwa kijana wa mitaa yetu ya Eastlands ni swali kwa serikali. Wachuuzi nao walielewa upesi. Pale mataa walipokuwa wakiuza chaja na njugu, wakaongeza bendera.

Na matunda pia, shangazi! Kwenye kura ya maoni ya katiba ya mwaka 2005, wenye kusema Ndiyo walipewa ndizi na wenye kusema Hapana wakapewa chungwa. Chungwa likashinda, likazaa chama kizima, ODM. Tangu hapo muuza matunda hawezi kupanga meza yake bila mpita njia kumtania. Machi 2025 wenye chungwa na wenye wilibaro wakatia saini makubaliano ya kushirikiana, kwa hiyo sasa chungwa limepakiwa kwenye wilibaro, na muuza matunda wangu anasema amechoka kuulizwa maoni yake, yeye anauza kilo.

Mageti sitakuchosha nayo. Kila njia ina geti, kila geti lina soja, kila ukuta una kibao cha mbwa. Kibao kikiwa kikubwa sana, mbwa mwenyewe ni wa kubeba kwapani. Juu ya paa utaona matangi meusi ya maji. Hesabu matangi utajua mwenye nyumba ana wapangaji wangapi na mgao wa maji unawabana kiasi gani. Buchani wamechora ng'ombe anayecheka. Sijui ameambiwa nini.

Kuna alama moja tu iliyovuka mpaka bila pasi. Ni ile X nyekundu. Unakumbuka Dar, Barabara ya Morogoro, nyumba za Kimara zilivyoandikwa X kabla ya bomoabomoa ya 2017, na watu wakajua kwamba nyekundu haina fidia, ukiona ya kijani ndiyo ushukuru? Huku X haina ushabiki wa rangi, ni nyekundu tu. Asubuhi moja ilionekana kwenye ukuta wa jengo la nyuma yetu. Saa nne wapangaji walikuwa wamekwishafanya kikao na kukubaliana kwamba nyumba inayobomolewa hailipiwi kodi. Saa kumi mwenye nyumba alifika na kopo la rangi nyeupe, akapaka mwenyewe, na suti yake. Mvua iliponyesha X ikarudi, ya waridi. Mpaka leo hakuna aliyekuja kubomoa, na mpaka leo wanabishana kuhusu kodi ya mwezi ule.

Lakini niliyotaka hasa kukwambia ni haya. Jirani wa ghorofa ya juu alikuwa ananidondoshea maji ya nguo zake kwenye kamba yangu, kila Jumamosi, nguo zangu zikiwa karibu kukauka. Sikutaka kugombana. Nikafanya ulivyonifundisha: nikaitoa ile kanga uliyonipa siku ya harusi, yenye jina la kumpasua mtu roho, nikaianika kwenye baraza, maandishi yakimtazama. Huko kwetu Ngamiani angehama usiku ule ule. Huyu akashuka, anatabasamu. "Mama, hiyo leso ni poa sana. Umeitoa wapi? Nataka kama hiyo ya kubebea mtoto." Na kanga hizi si ngeni Kenya, jamani. Zile za Mali ya Abdulla zinatoka Mombasa, kwa ukoo wa Kaderdina Hajee Essak, tangu 1887. Ila ngazi za Donholm ni mbali na Mombasa. Nikamuuzia. Sasa anapanda na kushuka na mtoto mgongoni, na lile tusi zima limetanda kwenye kiuno chake mwenyewe, na maji anaendelea kudondosha.

Kumbe sisi watu wa Tanga tuna alama nyingine huku, na hatukuiandika wenyewe. Nguzo za umeme za Eastlands zimebandikwa vikaratasi kutoka chini mpaka mkono unapofika: mganga kutoka Tanga, anarudisha mpenzi, anashinda kesi, anapandisha cheo, anarudisha mali iliyoibwa, malipo baada ya kazi. Wengine wanatoka Pemba, wengine Sumbawanga, lakini Tanga ndiyo inayoongoza kwa nguzo. Nilimpigia simu mmoja, kwa uchungu tu wa nyumbani. Nikamuuliza, wewe wa wapi pale, Chumbageni au Raskazone? Akasita, akasema kwao ni karibu na Mlima Kilimanjaro. Nikamtakia kazi njema.

Basi soja wetu aliposikia kwamba mama wa mlango wa tatu, yule wa buibui, ni wa Tanga halisi, aliacha kunisalimia kwa sauti. Siku simu yake ilipoibwa alinijia usiku, kofia mkononi. "Mama Tanga, nisaidie tu kidogo." Nikamwambia mimi ni mhasibu, nina cheti cha chuo cha Mzumbe. Akatikisa kichwa kwa heshima. "Ndiyo, mama. Hata wale wakubwa huwa hawakubali." Nikamtoa kwa kumwambia aende, nitaona. Hilo "nitaona" ndilo lililofanya kazi. Kufika asubuhi habari ilikuwa imezunguka mtaa wetu mzima wa Phase 5, na simu ilikutwa getini ndani ya mfuko wa nailoni, imechajiwa hadi pomoni, na shilingi mia juu yake.

Tangu siku hiyo nguo zangu zinakauka. Jirani wa juu anakamua za kwake mpaka zinalia ndipo anazianika, na ameniletea ndizi. Mchuuzi wa mboga ananiongezea fungu. Watoto wa ploti wakicheza mpira hawaugongi mlango wangu. Kile ambacho kanga yako ilishindwa, kikaratasi cha mtu asiyeijua Tanga kimeweza.

Kwa hiyo, shangazi, njoo, lakini kwa utaratibu. Machungwa ya Muheza lete, ila yafunge ndani ya gunia usije ukaulizwa kura yako ni ya nani. Jezi mpya uliyomnunulia mkweo iache huko huko. Kanga lete zozote zile, hazisomwi. Ubani, kaniki na ile chupa yako ya dawa ya mgongo viweke juu kabisa ya mzigo, soja avione. Na akikuinamia pale getini, usianze kumweleza kwamba wewe ni mkunga mstaafu wa hospitali. Mwitikie marahaba, upite. Mwenye nyumba anapandisha kodi Januari, na bado sijaongea naye.